Keshia wetu kasimamishwa kazi kwa kosa la DLL, na waliotuuzia mfumo wanasema tumpe kila mtu haki za admin

Wakuu, hili jambo nimekaa nalo siku kumi na moja na leo limenifika kooni. Nitaandika ndefu kidogo, mnivumilie, maana kuna mama wa watu anakwenda kupoteza ajira.

Mimi ndiye mtu wa TEHAMA kwenye saccos moja hapa nchini. Jina siliweki, wala la kampuni iliyotuuzia mfumo, kwa sababu shauri liko kamati ya nidhamu.

Mfumo wetu unakaa kwenye seva ya Windows, unaendeshwa kama sevisi (programu inayofanya kazi nyuma ya pazia muda wote) chini ya akaunti ya SYSTEM, yaani akaunti isiyozuiwa mlango karibu wowote kwenye mashine. Keshia akibofya malipo, sevisi inatakiwa iweke pembeni mamlaka yake, ivae utambulisho wa huyo keshia, ifanye kazi kwa haki zake tu, ikimaliza iuvue. Shughuli hiyo yote waliotuuzia wameiweka kwenye DLL moja (faili la maelekezo ambalo programu huliita lifanye kazi fulani) waliyoiandika wenyewe, na malipo, mikopo na hisa zote zinaitegemea hiyohiyo. Ndani yake inaita advapi32.dll ya Windows: LogonUser kupata tokeni ya mtumiaji, yaani kitambulisho chake ndani ya Windows, ImpersonateLoggedOnUser kuivaa, RevertToSelf kuivua. Ni kazi ya kawaida kabisa, imefanywa hivyo miaka na miaka.

Sasa sikilizeni. Malipo ya shilingi 1,850,000 yametoka kwenye akaunti ya mwanachama saa 8:41 mchana, hayana vocha yenye sahihi, na logi ya mfumo, yaani kumbukumbu ya nani kafanya nini, inaonyesha jina la dada yetu keshia. Dakika hiyo yeye alikuwa benki anaweka makusanyo ya asubuhi, na stakabadhi ya benki ina saa. Meneja kajibu kwamba logi haidanganyi. Akapewa barua ya kujieleza, akajieleza, akasimamishwa.

Mimi nilikataa kuamini. Nikabaki ofisini usiku mara tatu na Process Monitor, kile kifaa cha bure cha Microsoft kinachoonyesha programu inafungua faili gani na kwa jina la nani, nikafungua akaunti mbili za majaribio. Nilichokiona kimenitia hasira ambayo mpaka leo haijashuka.

Kwanza, DLL yao haivui utambulisho kazi ikikatikia njiani. Nilitoa karatasi kwenye printa ya risiti, malipo ya akaunti ya kwanza yakagoma katikati, na ile thredi ya sevisi (uzi mmoja wa kazi ndani ya programu) ikabaki imevaa jina la akaunti ya kwanza. RevertToSelf wameiandika mwisho kabisa, mahali ambapo kazi iliyokwama haifiki.

Pili, na hapa ndipo pabaya zaidi, hawaangalii majibu. Nikafanya nywila ya akaunti ya pili iwe imeisha muda ilhali programu iko wazi. LogonUser ikakataa kutoa tokeni, kuivaa kukashindikana, na mfumo ukaendelea na kazi kama vile hakuna kilichotokea! Malipo yakapita. Na kwa kuwa jina la kwenye logi wanalichukua kwa GetUserName, ambayo inarudisha jina la yule ambaye thredi imemvaa wakati huo, logi ikaandika akaunti ya kwanza. Process Monitor nayo inaonyesha wazi kwenye maelezo ya kila faili linalofunguliwa kwamba anayeigizwa ni wa kwanza. Akaunti ya kwanza nilikuwa nimeshaifunga robo saa nzima.

Nikawasha sevisi upya ili thredi zote ziwe safi, nikarudia. Safari hii hakukuwa na jina la mtu la kubakia, kwa hiyo akaunti ya pili, akaunti ya keshia wa kawaida, ikafungua folda ya bodi kwa mamlaka ya SYSTEM. Microsoft wameandika peupe kwenye maelezo ya hizo fankisheni: zikishindwa, ombi linaendelea kwa utambulisho wa programu yenyewe, kwa hiyo angalia jibu kwanza. Ni mstari mmoja wa kodi ya programu. Mstari mmoja!

Siku ya tukio, nywila za watu watatu zilikuwa zinaisha muda. Nilipokwenda kutafuta tukio 4625 kwenye logi ya usalama ya Windows nijue nani alikataliwa saa 8:41, logi ilikuwa imejaa na kujiandika juu. Ukubwa wake uliachwa uleule wa mwanzo, na hilo ni la kwangu, nimelikiri kwa maandishi. Aliyetoa zile fedha tunakunywa naye chai, na mfumo tulioulipia hauwezi kusema ni nani.

Nikawapigia waliotuuzia mfumo, nikawatumia ushahidi wote. Jibu lao, baada ya siku nne: "Wapeni watumiaji wote haki za admin, hayo matatizo ya kukataliwa yataisha." Nimelisoma mara tano. Mtu anauza mfumo wa fedha za wakulima na walimu, anakuambia ondoa kufuli ili mlango usikwame.

Kuna jingine nimeligundua nikiwa humo humo. Mfumo wameusimika kwenye folda iliyoundwa moja kwa moja chini ya C:, hawakutumia Program Files. Folda ya hapo, Windows isipoelekezwa vingine, mtumiaji wa kawaida anaweza kuongeza mafaili mapya ndani yake. Tena wameishirikisha kwenye mtandao ili kompyuta za madirishani zijisasishe. Kwa hiyo mtu wa mapokezi anaweza kuweka humo DLL yake yenye jina ambalo sevisi inalitafuta kwanza kwenye folda hiyo, na sevisi ikiwaka itaipakia kwa mamlaka ya SYSTEM. Microsoft walitoa tahadhari ya upakiaji ovyo wa DLL Agosti 2010. Hii haki ya kuandika nimeiondoa usiku huohuo bila kumuuliza mtu.

Tafadhali, wale wa kuniambia nipakue advapi32.dll mpya kutoka tovuti fulani, msiniambie. Ya Windows ni nzima, na faili la mfumo halichukuliwi barabarani.

Kikao cha nidhamu ni Alhamisi saa nne. Meneja anataka maelezo ya mtu wa nje, anasema mimi namtetea mwenzangu. Natafuta mtu anayeandika C++ au C# kwenye Windows, aliye tayari kurudia jaribio langu mbele ya bodi, na awaeleze kwa Kiswahili ambacho mwenyekiti wetu, mwalimu mstaafu, atakielewa. Nauli na malazi nitalipa mimi. Na kama kuna saccos nyingine humu yenye mfumo unaoandika majina ya watu ambao hawakuwepo, njooni PM leo, kabla ya Alhamisi.