Tarzan wa wakubwa: mwenye jina azuie au aache?

Mleta mada: Wadau, kuna filamu za wakubwa za bei chee zinazomfanyia kejeli Tarzan, yule mzungu wa hadithini aliyelelewa na nyani msituni: msitu wa kubandika, kipande cha ngozi kiunoni, hadithi haina kichwa wala miguu. Siulizi kama zina maadili. Nauliza: kampuni iliyoachwa na Edgar Rice Burroughs, mwandishi aliyemtunga, iwe na haki ya kuzizuia?

Mimi nasema hapana. Burroughs alimtoa Tarzan 1912 katika jarida la Marekani bila kukanyaga Afrika. Humo aliweka hata chui milia, mnyama wa Asia! Kitabu kilipotoka 1914 akamgeuza simba jike. Aliyejichotea bara zima bila kubisha hodi, leo watu wake wanalia kuchezewa jina?

Mdau wa kwanza: Mkuu, unachanganya mambo. Tarzan ni alama ya biashara. Mwaka 1976 mahakama ya California ilizuia filamu ya X, yaani ya wakubwa tu, iliyomtumia, na ilifanya vema. Kejeli ni kumcheka mhusika mwenyewe. Hawa wanaazima jina wauzie pilau lao. Litoe jina uone nani atanunua.

Mleta mada: Na nani atapima kama kicheko kimetosha? Mchora katuni Mbelgiji aitwaye Picha alitoa katuni ya wakubwa ya kumkejeli Tarzan 1975. Ufaransa mahakama ikaiona kejeli halali. Marekani jina likabidi liondolewe. Kazi ileile! Wala si suala la bei chee: mwaka 1981 MGM yenyewe, kampuni kubwa ya filamu ya Marekani, ilishtakiwa kwa filamu yake ya Tarzan, hakimu wa New York akaamuru vipande vya utupu vikatwe. Wanalinda usafi wa shujaa tu.

Mdau wa kwanza: Ile ya 1981 ni mkataba, ndugu yangu. MGM walipewa kibali 1931 cha kurudia filamu ya Tarzan kwa kufuata ile yao ya kwanza. Usiitie humu.

Mdau wa pili: Mnabishania nguo ya Tarzan. Filamu ya MGM ya 1932 iliungwa na picha zilizopigwa Afrika Mashariki kwa ajili ya filamu nyingine, na tembo wa Kihindi waliobandikwa masikio makubwa. Mpagazi mweusi anaporomoka jabalini, mzungu anaulizia mzigo! Hiyo hawakuiita aibu. Na hizi za kejeli nazo, mweusi bado kashika mkuki nyuma ya kichaka. Kama kweli wanakejeli, wangeanza na huyo mzungu mfalme wa msitu.

Mdau wa kwanza: Hapo dada umenipata. Lakini Burroughs alifariki 1950, na nchi za Umoja wa Ulaya hakimiliki ya vitabu vyake iliisha 2020 ilipokwisha. Hadithi wachukue, jina waliache. Wamwite shujaa wao Juma wa Mbuyuni.

Mleta mada: Wakimwita Juma, watakuwa wanamkejeli nani sasa?