Thelonious Monk: kwa nini alitoweka kwenye klabu za New York?

Mpiga Kinanda wa Kirumba:
Wakuu, habari za jioni. Ninapiga kinanda katika kwaya hapa Kirumba, Mwanza, na tangu nianze kumsikiliza Thelonious Monk, mpiga piano wa Marekani aliyezaliwa mwaka 1917, kuna jambo linanitatiza. Inakuwaje mtu aliyekuwa miongoni mwa waasisi wa bebop, mtindo wa jazz, pale klabu ya Minton's Playhouse, Harlem, New York, akawa haonekani katika klabu za New York miaka ya 1950, wakati wenzake wakivuma? Alikuwa mgonjwa, au muziki wake haukueleweka?

Mzee wa Nyakato:
Kijana wangu, kutoeleweka kulikuwapo, lakini kilichomkwamisha hasa ni kibali. Enzi hizo, mwanamuziki hakuruhusiwa kupiga katika klabu za New York zinazouza pombe bila kadi iliyotolewa na polisi. Mwaka 1951 Monk alikamatwa garini pamoja na rafiki yake Bud Powell, naye mpiga piano, dawa za kulevya zikapatikana, na kwa kuwa alikataa katakata kumtaja mwenzake, akafungwa na kadi ikachukuliwa. Mwimbaji Billie Holiday naye alikwisha kupokonywa yake. Monk aliendelea kurekodi na kupiga nje ya mji, ila kwa miaka hiyo sita nyumba ilitegemea sana vibarua vya mkewe, Nellie, ambaye kwa maoni yangu hatajwi inavyostahili.

Dada wa Igoma:
Shikamoo Mzee. Naongezea kwamba aliporudishiwa kadi mwaka 1957 alipata kazi klabu ya Five Spot, akiwa na mpiga saksofoni John Coltrane, na hapo ndipo jina lake lilipopaa. Mwaka 1956 alikuwa amerekodi "Brilliant Corners", kibao ambacho hata mpiga saksofoni Sonny Rollins na mpiga ngoma Max Roach walikirudia zaidi ya mara 20 bila kukimaliza sawasawa, mpaka mtayarishaji akaunganisha vipande. Mtazame kwenye video: vidole amevilaza, anagonga noti mbili zilizopakana kwa pamoja, kisha ananyamaza pale ambapo sisi tungejazajaza.

Mzee wa Nyakato:
Marahaba. Utaratibu wa kadi ulifutwa mwaka 1967. Ugonjwa ulioulizia ulikuwapo pia: akili ilimsumbua kwa muda mrefu, na miaka yake ya mwisho, kabla ya kufariki Februari 1982, hakupiga tena hadharani. Na kwa kuwa wewe ni wa kwaya, fahamu kwamba alipokuwa kijana alizunguka na mhubiri wa injili akimpigia kinanda.