Goldenberi: niiache ndani dirishani au niitoe nje? Miche iko tayari

Chipukizi22
Wakuu, salaam. Nina miche ya goldenberi (kale katunda ka njano kanakokaa ndani ya ganda kama karatasi), imefika urefu wa kiganja na imeanza kusongamana. Niiache ndani dirishani au niipande nje? Kuna taa ya kukuzia mimea naiwinda, kama ndani ndiko bora nailipia leo. Nisaidieni niamue.

MzeeMboji
Miche mingapi? Dirisha linapigwa jua saa ngapi? Huko uliko barafu inashuka? Bila hayo unatuuzia mbuzi kwenye gunia.

NyanyaKwanza
Nje, hakuna mjadala. Huu mmea ni ukoo mmoja na nyanya na biringanya, asili yake milima ya Andes. Unataka jua la moja kwa moja saa sita kwa siku au zaidi. Kimo mita moja hadi moja na nusu, matawi yanatanuka hovyo. Ndani ya chumba utaupogoa mpaka uuchukie. Hiyo hela ya taa nunua mbolea.

BibiBustani
Taratibu NyanyaKwanza, si kila mtu ana shamba. Mimi napanda kwenye ndoo ya lita 20 iliyotobolewa chini, inakaa barazani, baridi kali ikija naiingiza ndani. Ina faida zote mbili. Ila mbolea usiitie kwa mapenzi, nitrojeni ikizidi unavuna majani.

NyanyaKwanza
Lita 20 mizizi inabanana. Na mmea wa ndoo ukisahau kumwagilia siku moja ya jua kali, maua yanapukutika.

BibiBustani
Basi usisahau.

Kivuli
Chipukizi, kabla hujalipia taa soma hili. Nililea goldenberi ndani, taa juu, saa 14 kila siku. Ilistawi vizuri, maua ya njano yenye madoa meusi kama wino katikati, wageni wakija wanauliza. Halafu nikaletewa mche wa pilipili kutoka kitalu fulani, nikauweka pembeni yake. Muda si mrefu majani ya goldenberi yakaanza vitone vya njano, vidogo kama vimedungwa na sindano. Nikadhani ni njaa, nikaongeza mbolea. Kumbe nikigeuza jani, chini kuna utando mwembamba na vijidudu vinatembea: utitiri mwekundu. Ndani hewa ni kavu na ya joto, na wadudu wa kuwala hawapo, kwa hiyo wanazaana kama wamelipwa. Niliosha majani kwa maji ya kasi, nikapuliza mafuta ya mwarobaini, nikarudia na kurudia. Yale majani yana vinywele, dawa haishiki vizuri. Matunda yaliyokuwa kwenye vifuko yakaanguka yakiwa mabichi, yote. Mmea nikautupa pamoja na udongo wake. Pilipili yenyewe, mleta balaa, haikudhurika hata kidogo.

MzeeMboji
Pole. Hapo kosa si la taa, ni la mche mgeni kutotengwa kwanza. Chipukizi, maswali yangu bado.

Chipukizi22
Asanteni. Miche iko minne. Nimesikia lazima iwe miwili ndiyo izae, na je, ndani nyuki watatoka wapi?

Kivuli
Wa kuhitaji miwili ni tomatiyo, ile ya kijani inayojaza ganda lake. Goldenberi inajichavusha. Ndani gonga tawi kwa kidole wakati wa mchana, chavua inadondoka yenyewe.

DadaMiche
Mbona hamtaji ile jamaa yake fupi, Physalis pruinosa? Inatambaa chini, tunda ni dogo, lakini inaiva mapema zaidi. Kwa mtu wa dirishani hiyo ndiyo yenyewe. Goldenberi kutoka ua hadi tunda kuiva ni kama siku 70 hadi 80, na kabla ya hapo unasubiri mmea ukue. Penye msimu mfupi inakatwa na barafu ikiwa na matunda ya kijani.

NyanyaKwanza
Ladha haifanani. Hiyo fupi ni tamu tu, haina ule ukali.

DadaMiche
Ladha ya tunda lisiloiva utaijuaje?

MzeeMboji
Na la kijani lisiliwe, lina sumu kama majani yake. Subirini ganda likauke liwe rangi ya nyasi kavu na tunda lianguke lenyewe. Mwenye watoto au paka ndani aliweke akilini.

Chipukizi22
Nina paka wawili! Basi nafikiria miwili nje, mmoja ndoo, mmoja dirishani juu ya kabati. Taa nimeshailipia lakini, ilikuwa inaisha.

NyanyaKwanza
😂 Sasa ulituuliza nini? Miche ya nje usiitoe ghafla. Izoeshe kivulini kama wiki, jua lisije likaunguza majani.

BibiBustani
Ukivuna, yaache ndani ya maganda yake mahali pakavu, yanakaa mwezi na zaidi. Mimi nasubiri yajae bakuli nipike jamu. Yana pektini nyingi, jamu inaganda yenyewe.

Kivuli
Sukari unaweka nusu ya uzito wa matunda?

BibiBustani
Nusu? Hiyo itaota ukungu. Sawa kwa sawa.

DadaMiche
Sawa kwa sawa ni peremende hiyo, mama. Mimi naweka nusu na ndimu, naihifadhi kwenye friji.