Ōkami, Touhou, Tsushima au Ghostwire: gemu ipi inalielewa hekalu la Kishinto?

Darubini (mwanzilishi wa uzi)

Wakuu, salamu kwenu nyote. Naomba tulinganishe gemu nne ambazo ndani yake mahekalu ya Kishinto si pambo tu, bali ni sehemu ya mchezo wenyewe: Ōkami ya mwaka 2006, Touhou ya kumi iitwayo Mountain of Faith ya mwaka 2007, Ghost of Tsushima ya mwaka 2020, na Ghostwire: Tokyo ya mwaka 2022. Suala la picha nzuri limeshajadiliwa vya kutosha kwingine. Ninachotaka kujua ni ipi inayomfanya mchezaji atende kitu kinachofanana na kile ambacho muumini hutenda anapofika hekaluni.

Nauliza hivyo kwa sababu Ushinto ni dini ya vitendo zaidi kuliko mafundisho. Hauna mwanzilishi anayejulikana, wala hauna kitabu kimoja kinachowafunga waumini wote, na anayeingia katika hekalu lolote kati ya yale yanayokadiriwa kufikia 80,000 nchini Japani haulizwi anaamini nini. Huinama kidogo kwenye lango la torii, hupita pembeni kwa kuwa katikati ya njia huachiwa kami, yaani mungu au roho anayeabudiwa hapo, hunawa mkono wa kushoto kisha wa kulia na kusukutua kinywa, hutumbukiza sarafu katika sanduku la sadaka, huinama mara mbili, hupiga makofi mawili, huomba, kisha huinama tena mara moja. Gemu inayochora lango jekundu na kuishia hapo haijaeleza lolote kati ya hayo.

Mimi naipa Ōkami nafasi ya kwanza. Mchezaji ni Amaterasu, kami wa jua, katika umbo la mbwamwitu mweupe, na kazi yake kubwa ni kurejesha uhai. Unasimamisha mchezo, skrini inageuka karatasi, unachora duara kwa brashi kuuzunguka mti uliokauka, na mti unachanua. Ardhi iliyokuwa nyeusi kwa laana inafunikwa na majani na maua hadi ukingoni mwa bonde. Nguvu za Amaterasu huongezeka kwa sifa anazozipata akiwalisha wanyama, akiihuisha miti na kuwasaidia wanakijiji katika shida zao ndogondogo. Kami anahitaji kukumbukwa na watu, na watu wanahitaji jua na mavuno: uhusiano huo ndio moyo wa hekalu, na humo mchezaji anautekeleza badala ya kuusoma kwenye maelezo.

Nahodha_K

Mkuu Darubini, hoja yako naielewa, lakini mimi nasimama na Ghost of Tsushima, na sababu yangu kubwa iko nje ya skrini. Kisiwani Tsushima lipo hekalu la Watatsumi, lenye malango matano ya torii yaliyopangwa kuelekea baharini, mengine yakiwa yamesimama ndani ya maji. Septemba 2020, miezi michache tu baada ya gemu kutoka, kimbunga kilibomoa lango mojawapo. Hekalu liliitisha harambee ya mtandaoni likiomba yeni milioni 5, na zikapatikana zaidi ya milioni 27, wachezaji wengi wa gemu hiyo wakiwa miongoni mwa waliochangia. Mwaka uliofuata, waongozaji wawili wa gemu hiyo, Nate Fox na Jason Connell, ambao ni Wamarekani, waliteuliwa kuwa mabalozi wa utalii wa kisiwa.

Ukiuliza mchezaji amejifunza kutenda nini, jibu langu ni kwamba amejifunza kutoa, na kutoa ndiko kunakoliweka hekalu hai.

Ndani ya mchezo wenyewe pia kuna adabu ninayoipenda. Unamfuata mbweha vichakani hadi kwenye kijumba cha Inari, kami wa mpunga, unapiga magoti, unatoa heshima, na baada ya hapo unaongezewa nafasi ya kuvaa hirizi. Hakuna adui anayeruka kutoka kichakani wala kengele ya ushindi inayolia masikioni.

Bi Karafuu

Ndugu Nahodha, harambee hiyo ni jambo la kusifiwa, na nisingependa kulipunguzia thamani. Hata hivyo, tutenganishe wema wa wachezaji na uelewa wa gemu. Katika Ghost of Tsushima, mahekalu makubwa yamewekwa juu ya majabali, na ili uyafikie unaruka madaraja yaliyovunjika na kuning'inia kwenye kuta za mawe, kisha unapewa hirizi kama tuzo ya ushupavu wako. Yapo kweli mahekalu ya milimani nchini Japani, lakini yana ngazi, na ngazi hizo hupandwa na bibi kizee aliyebeba mjukuu. Hekalu ni la kijiji kizima. Gemu imelifanya kuwa la shujaa mmoja.

Kuna pia suala la historia. Hadithi inatokea mwaka 1274, wakati wa uvamizi wa Wamongolia, ilhali utengano mkali wa kami na Buddha uliletwa na amri za serikali ya Meiji mwaka 1868. Kabla ya hapo, kwa karne nyingi, hekalu la Kishinto na la Kibuddha yaliweza kukaa katika uwanja mmoja, na kami fulani akaaminiwa kuwa sura nyingine ya Buddha fulani. Gemu inaviweka viwili hivi kwenye visanduku tofauti, jinsi mtalii wa leo anavyovikuta.

Na kwa kuwa tumelitaja hekalu la Watatsumi, tumalizie habari yake. Mwaka 2025 uongozi wake ulitangaza kuwafungia watalii na kuwaruhusu tu waumini na wanaokuja kuabudu, kutokana na utovu wa heshima wa wageni. Sisemi kwamba gemu ndiyo iliyowaleta wageni hao. Ila ningependa gemu iliyolipa hekalu umaarufu wote huo iwe pia imemfundisha mchezaji namna ya kuingia.

Mgeni_wa_Hyrule

Samahani kwa kuingilia kati. Mbona Breath of the Wild, gemu ya mfululizo wa Zelda, haimo kwenye orodha, ilhali ina vihekalu 120 na ndiyo iliyonifanya mimi nianze kusoma habari hizi?

Darubini

Karibu sana, ndugu. Niliiacha kwa makusudi, kwa sababu vihekalu vyake ni vyumba vya mafumbo vilivyo chini ya ardhi, na watengenezaji wenyewe walieleza kwamba sura yake ilitokana na sanaa ya enzi ya Jōmon, maelfu ya miaka kabla ya lango la torii kujulikana. Humo ndani hakuna kunawa, hakuna sadaka, hakuna jamii inayopatunza mahali hapo. Nakubali hata hivyo kwamba njiani kuna kitu kidogo kilicho cha Kijapani kabisa: safu ya sanamu ndogo za mawe, kila moja na bakuli mbele yake lenye tofaa, isipokuwa moja lililo tupu. Unaweka tofaa pale, na kiumbe wa msituni anajitokeza. Kitendo hicho kimoja kinafundisha zaidi kuliko vile vyumba vyote vya mafumbo.

Mpiga_Brashi

Nashangaa kwamba tumefika hapa na Touhou haijatetewa na mtu. Labda ni kwa sababu wengi huiona kuwa gemu ya risasi tu, skrini imejaa vitone vya rangi na wasichana wanaopaa. Mtengenezaji wake, ZUN, ni mtu mmoja anayefanya kazi karibu yote peke yake, mzaliwa wa mkoa wa Nagano, na katika Mountain of Faith alichukua mapokeo ya hekalu kuu la Suwa, lililomo mkoani humohumo, na kuyafanya kuwa hadithi kamili. Nguzo ambazo kami Kanako huzibeba mgongoni zinatokana na magogo makubwa ambayo watu wa Suwa huyateremsha mlimani katika sherehe ya Onbashira, inayofanyika mara moja kila baada ya miaka sita.

Kisa chenyewe ni kizito. Kami wa hekalu la Moriya wameona kwamba katika Japani ya leo watu hawawaamini tena, basi wanalihamisha hekalu lao zima hadi nchi iliyofichika ambako kami na mazimwi bado wana nguvu. Huko wanataka hekalu la wenyeji liwapishe au lifungwe. Mhusika mkuu, Reimu, ni miko, yaani binti mhudumu, wa hekalu hilo la wenyeji, na sanduku lake la sadaka huwa tupu karibu wakati wote, jambo linalorudiwa katika mfululizo mzima. Sasa angalieni uchezaji: pembeni mwa skrini kuna kipimo cha imani, na ukiacha kukusanya vitu na kushambulia kwa muda, kinaanza kushuka. Imani isiyoshughulikiwa inapungua. Sijaona gemu nyingine iliyoibana fikra nzima ya Ushinto wa vijijini ndani ya tarakimu moja inayoteremka mbele ya macho yako.

Hofu hiyo ya kusahauliwa si ya kubuni, kwa maana mahekalu mengi madogo ya mashambani hayana kasisi wake mwenyewe. Ndiyo maana baadhi yameupokea utamaduni wa vijana kwa mikono miwili. Hekalu la Washinomiya, mkoani Saitama, lilitumiwa kama mandhari katika anime (katuni ya Kijapani) ya Lucky Star ya mwaka 2007, na idadi ya waliokuja kuomba siku za Mwaka Mpya ikapanda hadi takriban 300,000 mwaka 2008, na takriban 470,000 mwaka 2011. Vibao vya mbao vya kuandikia maombi vikajaa michoro ya wahusika, na katika sherehe ya mji wakabeba kiti cha kami kilichopambwa kwa wahusika haohao. Hekalu la Kanda Myōjin la Tokyo, jirani na maduka ya elektroniki ya Akihabara, linatoa hata hirizi za kulinda kompyuta.

FundiSeremala

Kuhusu Ghostwire nitakuwa mfupi. Unasafisha malango ya torii yaliyochafuliwa ili ukungu wa kifo uondoke Shibuya, mtaa wa Tokyo, na wazo la kusafisha ni sahihi kabisa, kwa kuwa uchafu wa kiroho na utakaso ndiyo mambo makuu ya ibada yote. Ubaya ni kwamba lango la kumi halina tofauti na la kwanza, na ishara za vidole anazozitumia mhusika zinatokana zaidi na Ubuddha wa siri. Lililofanywa vizuri ni sanduku la sadaka: unatoa sarafu zako, unaomba uongozwe kwenye kitu unachokitafuta, na unaongozwa.

Nililotaka hasa kusema linahusu mbao, ambazo ndizo kazi yangu. Katika gemu zote hizi lango la torii ni la kudumu. Nilipopanda mlima wa Fushimi Inari, Kyoto, wenye malango yapatayo 10,000, wakati wa kwenda juu niliona rangi nyekundu tupu. Wakati wa kushuka ndipo nikaona maandishi meusi kwenye mgongo wa kila nguzo, jina la aliyetoa na tarehe aliyoitoa, mengi yakiwa ya kampuni na maduka. Nguzo za zamani zilikuwa zimeoza miguuni, rangi imepauka, na kuna mahali palibaki mashimo mawili tu yanayongoja lango jipya. Kule Ise, kwenye hekalu kuu la Amaterasu, hujenga upya majengo makuu kila baada ya miaka 20. Mara ya 62 ilikuwa mwaka 2013, na inayofuata ni mwaka 2033. Hekalu ni kazi isiyokwisha ya mafundi na wafadhili. Kwa kipimo hicho, naungana na Darubini kuhusu Ōkami, kwa sababu ndiyo pekee ambayo ndani yake kutunza ni kazi ya kila hatua.

Nahodha_K

Hoja ya fundi nimeipokea kwa mikono miwili, na ile ya Bi Karafuu kuhusu ngazi ina uzito. Naongeza tu kwamba Wajapani wenyewe wanalifuatilia jambo hili kwa karibu. Mwaka 2016 hekalu kuu la Izumo (Izumo Taisha) lilipiga marufuku kucheza Pokémon GO katika uwanja wake, na mwaka 2025 suala la kuvunja vifaa vya hekalu ndani ya Assassin's Creed Shadows lilifika bungeni. Watengenezaji wakatoa sasisho lililofanya meza na rafu za mahekaluni zisivunjike.

Bi Karafuu

Ni kweli, na hapo ndipo naona pengo linalozihusu zote nne. Hakuna inayogusa kipindi ambacho mahekalu yalikuwa chini ya dola na kutumika kuhamasisha vita, hadi amri ya Desemba 1945 ilipoyatenga na serikali. Kami wa gemu ni wa maumbile tu, jambo linalopendeza, lakini asiyejua historia hiyo hataelewa kwa nini ziara ya waziri katika hekalu la Yasukuni, linalowaenzi Wajapani waliokufa vitani, huzikasirisha Korea na China.

Darubini

Nashukuru kwa michango yenu. Nabaki na Ōkami mbele, na baada ya maelezo ya Mpiga_Brashi naiweka Mountain of Faith ya pili, juu ya Tsushima. Kwa ndugu Mgeni_wa_Hyrule, anzia na Ōkami: toleo la HD lipo kwenye kompyuta, PlayStation 4, Xbox One na Switch, kwa hiyo huhitaji kutafuta konsoli ya zamani. Utangulizi wake ni mrefu, usiuruke, kwa maana ndimo anapoelezwa Orochi, joka la vichwa vinane linalotoka katika Kojiki, maandishi ya mwaka 712.