Adnan Khashoggi, yule aliyekuwa na ranchi Laikipia, kazi yake hasa ilikuwa nini?

Dereva wa Nanyuki

Salaam wadau. Juzi nilikuwa na wageni Ol Pejeta, tulienda kuwaona Najin na Fatu, wale faru weupe wa kaskazini wawili tu waliobaki duniani. Kwenye gari tulikuwa na mzee mmoja mwenyeji wa huku akaniambia hii ardhi yote unayoiona zamani ilikuwa ya tajiri wa Kisaudi muuza silaha, Adnan Khashoggi, na Mount Kenya Safari Club pia ilikuwa yake. Mimi nimezaliwa huku na sikuwahi kuelezwa. Nimerudi nyumbani nikasoma mpaka saa nane usiku na kila ninapogusa ni skendo, mara Lockheed wale watengeneza ndege za kivita wa Marekani, mara Iran, mara Marcos aliyekuwa rais wa Ufilipino, na mwisho mtu amefariki zake London mwaka 2017 akiwa na miaka 81. Ninachoomba kueleweshwa ni hivi: hakuwa na kiwanda cha bunduki, hakuwa jenerali, hakuwa waziri. Sasa hela yote ile ilikuwa inatoka wapi?

Kipanga

Mkuu alikuwa dalali. Ukishaelewa dalali wa nyumba anavyokula, umeshamwelewa, tofauti ni ukubwa wa mali. Baba yake alikuwa daktari wa Mfalme Abdulaziz aliyeiunda Saudi Arabia, kwa hiyo yeye kakua anazifahamu sura za wakubwa na wao wanamfahamu. Akasoma Victoria College ya Alexandria, halafu California. Saudia ilipoanza kununua ndege za kivita kwa wingi makampuni ya Marekani yalikuwa hayajui yagonge mlango gani Riyadh, yeye anaujua na aliyeko ndani anamwita mwanangu. Basi anakupeleka, ukiuza anachukua asilimia yake. Lockheed peke yake ilimlipa dola milioni 106 kati ya 1970 na 1975.

Mwaka 1975 kamati ya Seneta Frank Church kule Washington ikaanza kuuliza hizo komisheni zinaishia mfukoni kwa nani, na Northrop, kampuni nyingine ya ndege ya Marekani, wakasema kuna dola 450,000 zilipitia kwake zikiwa ni za majenerali wawili wa Saudia. Skendo za miaka ile ndizo zilizofanya Marekani itunge sheria ya 1977 ya kukataza makampuni yao kuhonga viongozi wa nje. Yeye lakini aliendelea kung'ara, mwaka 1980 akashusha majini meli ya starehe ya mita 86 akaipa jina la binti yake, Nabila.

Bi Mkubwa wa Mvita

Ya Lockheed ni kubwa lakini ya Iran ndiyo inayoonyesha dalali wa silaha anafanya nini, naomba mnivumilie nieleze taratibu.

1985 Iran iko vitani na Iraq, makombora imeishiwa, na Marekani imetangaza dunia nzima isiiuzie Iran silaha. Wakati huohuo kuna Wamarekani wametekwa Lebanon na watekaji wanaisikiliza Tehran. Watu wa Rais Reagan wa Marekani wakaamua kuuza kwa siri, kwanza kupitia Israel. Agosti yakaenda makombora 96 ya TOW, yale ya kupiga vifaru, Septemba 408, mateka mmoja akaachiwa. Sasa shida ikawa hapa: Iran haitoi hela mpaka ione mzigo, na upande wa pili hautoi mzigo mpaka uione hela. Hakuna anayemwamini mwenzake hata kidogo. Khashoggi ndiye aliyekaa katikati, anatanguliza hela yeye, mzigo unaenda, Iran ikilipa anarudishiwa na faida juu. Mei 1986 peke yake alitanguliza dola milioni 15 za vipuri vya HAWK, makombora ya kutungulia ndege.

Na bei walikuwa wameipandisha mno. Ile ziada Oliver North, afisa wa Ikulu ya Marekani, na wenzake waliipeleka kwa waasi wa Contra, Nicaragua, ambao Bunge la Marekani lilishakataza wasipewe msaada wa kijeshi. Wairani wakagundua wanapigwa, wakagoma kulipa yote, Khashoggi akabaki anadai mamilioni. Oktoba mshirika wake akaenda kwa mkuu wa CIA, William Casey, kumwambia kuna watu wanadai hela zao na wanaweza kusema hadharani. Yaani serikali kubwa kuliko zote ilikuwa inatishiwa na deni la dalali! Tarehe 3 Novemba jarida la Ash-Shiraa la Beirut likaanika mambo, na kabla mwezi haujaisha North kafukuzwa. Mimi kinachoniuma ni wale vijana wa Iran na Iraq waliokuwa wanakufa kwenye mahandaki, katika hesabu zote hizi hakuna aliyewahesabu.

Dereva wa Nanyuki

Asante sana Bi Mkubwa, sasa naona picha. Lakini hakufungwa?

Kipanga

Alikamatwa Bern, Uswisi, 1989, akakaa ndani kama miezi mitatu kisha akapelekwa New York. Ila kesi haikuwa ya silaha, ilikuwa ya kuwasaidia Ferdinand Marcos na mkewe Imelda kuficha mali. Julai 1990 baraza la wazee wa mahakama likawaachia huru yeye na Imelda. Kwa ya Iran hakuna aliyemtia hatiani.

Mwana wa Tabora

Wakuu msimuone kama kiumbe wa ajabu wa zamani. Sisi Tanzania tuliuziwa rada na BAE, kampuni ya silaha ya Uingereza, kwa pauni milioni 28, na dola milioni 12.4 zikaenda kwa dalali, cha juu kinachokaribia theluthi ya bei! 2010 BAE ikakiri mahakamani London kosa la kutoweka sawa vitabu vya mahesabu, faini pauni laki tano, na pauni milioni 29.5 zikarudishwa kwetu zikanunua vitabu na madawati. Nawaambia ukweli mimi nina hasira mpaka leo, hilo dawati mtoto alitakiwa alipate miaka kumi kabla.

Bi Mkubwa wa Mvita

Pole ndugu yangu, una haki.

Dereva, kuhusu hilo shamba lenu, hela zilipomkauka mwishoni mwa miaka ya 80 likaangukia mikononi mwa Lonrho, kampuni ya tajiri Tiny Rowland. Ile meli ya Nabila nayo ilishamtoka, ikaenda kwa Sultani wa Brunei, halafu akainunua Donald Trump kwa dola milioni 29.

Dereva wa Nanyuki

Nashukuru nyote. Jumamosi nina wageni tena, na safari hii nitawasimulia kabla hatujafika getini.