Fuvu la Rusinga ni la binadamu ama la nyani?

Kijana wa Kondele
Wadau, kuna jamaa kwa matatu ya kutoka Mbita ametuambia ati binadamu wa kwanza alitokea kisiwa cha Rusinga, hapa Ziwa Victoria, na fuvu lake wazungu wakalibeba, gari yote ikaingia kwa ubishi mpaka Kisumu. Mimi Rusinga najua tu kaburi la Tom Mboya. Hii kitu ni ukweli ama ni siasa zetu za huku?

Mwalimu mstaafu
Fuvu lipo, Mary Leakey, yule mtafiti wa mabaki ya kale, alilipata 1948, na kweli lilikaa Uingereza miaka mingi kabla ya kurudishwa Nairobi, hapo hajadanganya. Lakini binadamu si huyo. Ni Proconsul, sokwe wa kale wa miaka kama milioni 18, mkia hana lakini bado anatembea kwa minne juu ya matawi. Tangu 2015 wataalamu wanawaita hao wa Rusinga Ekembo. Kilichowahifadhi ni volkano ya Kisingiri, ilikuwa inamwaga majivu yanafunika kila kitu, hadi matunda na wadudu wamepatikana, na hayo majivu ndiyo yanapimwa kujua umri.

Nyar Homa Bay
Na Nyayanga, hapa kwetu Homa Bay, mbona mnaruka? 2023 walitangaza vifaa vya mawe vya miaka milioni 2.6 hadi 3, vilikuwa pamoja na mifupa ya kiboko iko na alama za kukatwa!! Yaani watu wanachinja kiboko na moto bado haujajulikana, nyama inaliwa mbichi.

Kijana wa Kondele
Sasa hao si ndio binadamu wenyewe

Mwalimu mstaafu
Pole pole. Magego mawili yaliyopatikana hapo ni ya Paranthropus, na huyo si babu yetu, ni kama baba mdogo aliyekufa bila kuacha watoto. Kama ni yeye alichonga mawe ama ni mwingine bado wanabishana, na ndio maana ile habari ilisumbua watu, sisi tulisomeshwa vifaa ni kazi ya Homo, yaani ukoo wetu sisi binadamu, peke yake.

Wa Nakuru
Wenye mnataka kuona mawe kwa macho kujeni Kariandusi, huku karibu na Gilgil. Hayo ni ya baadaye sana kuliko ya Nyayanga, mashoka ya mkono, na yameachwa chini palepale yalipochimbuliwa. Mengine ni kioo cha volkano, nyeusi inang'aa. Panda gari ya Nairobi umwambie konda mapema, akilala utajipata Naivasha.