Bonasi ya mahudhurio inawapita waliotoka likizo ya uzazi, hii imekaaje?

Binti_Stoo: Wakuu habari za jioni. Kiwandani kwetu wameanzisha bonasi ya mahudhurio, ukikosekana zaidi ya siku 5 ndani ya miezi mitatu huambulii kitu, sababu haiulizwi. Mwenzangu karudi juzi toka likizo ya uzazi, kwenye slipu ya mshahara pale penye bonasi pamekaa sifuri. HR wanamjibu eti sheria ni moja, hata mwanaume akikosa anakatwa. Kaonewa au ndo hivyo tena?

mzee_wa_zamu: Mi sioni ubaguzi hapo dada, bonasi ya kuja kazini anapewa aliyekuja. Mwisho mtadai na ovataimu mkiwa mmelala.

Kifungu7: Mkuu hapo ndo wengi tunapotelezea. Kumnyima mtu wazi wazi kisa mjamzito kila mtu anajua ni kosa, ila kuna hii nyingine, masharti yanasomeka sawa kwa wote halafu yakianza kutumika yanamwangukia mtu yuleyule. Likizo ya uzazi siku 84, mapacha 100, sasa mama gani atatimiza hayo masharti ya siku 5? Sheria ya Ajira na Mahusiano Kazini ya 2004 kifungu cha 7 kinakataza ubaguzi wa moja kwa moja na usio wa moja kwa moja, ujauzito umetajwa humo, na ukishaonyesha dalili za ubaguzi ni mwajiri anayetakiwa kuthibitisha hakubagua. Kinachoruhusiwa ni sifa ambayo kazi yenyewe inaidai, dereva awe na leseni sawa, ila mhasibu wa kukaa mezani leseni ya nini? Hapo umeshawaacha nje walemavu kibao bila kuwataja.

Pwani_Moja: Kwetu stoktaki ilikuwa Jumamosi na asiyekuja hapandi cheo, Wasabato wakabaki palepale miaka nenda rudi, wala meneja hakuwa na chuki nao, hakuwahi kuwaza tu. Chama cha wafanyakazi kikampelekea orodha ya waliopanda na wasiopanda, akataka kuihamishia Ijumaa mchana, Waislamu tukaangua kicheko 😂 ikaishia Jumatano. Huyo dada aandike barua, aombe likizo za kisheria zisihesabiwe kukosekana, basi. Wakigoma aende CMA (Tume ya Usuluhishi na Uamuzi, wanaosikiliza migogoro ya kazi), ila asilale, ni ndani ya siku 60.

mzee_wa_zamu: Kwahiyo hata mimi niliyelazwa na malaria wiki nzima nikakatwa?

Binti_Stoo: Tafuta ED yako mzee (ile karatasi ya daktari ya kupumzika kazi), barua tunaiandika kesho.